Taa ya Nane: shajara ya mchezo wa redio kuhusu mwanga uliokawia

9 Machi

Daftari la kwanza limejaa michoro ambayo hata mimi niliyeichora siielewi tena, kwa hiyo naanza shajara. Tukipiga hatua nitaandika, tukirudi nyuma nitaandika pia.

Mradi ni mchezo wa redio, vipindi 6 vya dakika 20. Tuko wanne. Tuna simu mbili za kurekodia na chumba kimoja hapa Igogo, Mwanza, ambacho kuta zake zote tumezitundika mablanketi ili zisirudishe sauti.

Kisa chenyewe: wavuvi wa dagaa wanatoka jioni na taa saba. Usiku wa manane nahodha anahesabu taa zake zinazoelea, anapata nane. Saba ni nyeupe. Ya nane ni ya njano, iko peke yake upande wa nchi kavu, na dagaa hawaisogelei. Wakipiga kasia kuifuata, wakifika haipo.

Kwa asiyewahi kuvua: dagaa hufuata mwanga, ndiyo maana huvuliwa siku za giza. Mbalamwezi ikishakuwa kubwa, mitumbwi inakaa mwaloni na watu wanashona nyavu. Taa hufungwa juu ya vielea, zikaachwa juu ya maji mpaka dagaa wakusanyike, kisha mtumbwi unazipitia moja baada ya nyingine. Kuhesabu taa ni kazi ya kila usiku, kama mchungaji na ng'ombe wake. Zamani taa zilikuwa karabai za mafuta ya taa, zenye mwanga wa manjano. Siku hizi wengi wana taa za betri na sola, nyeupe pe. Msikilizaji wa mwaloni akisikia neno "njano" ataelewa kwamba taa hiyo si ya leo.

Huu ni mzuka, na nauita mzuka bila haya. Lakini nataka uwe na fizikia yake, ya kubuni, yenye sheria ambazo mimi mwandishi sitazivunja pale nitakapokwama. Nimeandika kwa chaki juu ya mlango: UONGO MMOJA. Yaani nitabuni sheria moja tu ya maumbile. Mengine yote yafuate dunia ilivyo.

16 Machi

Nimejaribu njia ya sauti, nikaiacha siku hiyohiyo.

Kuna mhandisi Mwingereza, Vic Tandy, aliyekuwa akifanya kazi katika maabara ambayo watu walisema ina mzuka. Yeye mwenyewe usiku mmoja alijisikia vibaya, akaona umbo la kijivu pembeni ya jicho. Kesho yake alibana upanga wa michezo kwenye jiliwa, akauona unatetemeka bila kuguswa. Alifuatilia mpaka akagundua feni iliyokuwa ikitoa mtetemo wa kama hezi 19, chini kidogo ya kiwango ambacho sikio la mtu husikia. Feni ilipotengenezwa, umbo likaisha. Aliandika habari hizo mwaka 1998.

Kisa hicho nakipenda. Lakini kinamaanisha kwamba aliyeona hakuona, na hapo ndipo ninapogoma. Nahodha aliyehesabu taa kwa miaka ishirini hakosei kati ya saba na nane. Maelezo yoyote yanayomfanya shahidi wangu kuwa mtu wa kudanganyika, siyataki. Fizikia yangu lazima ianze kwa kumwamini.

2 Aprili

Njia ya maji. Nilikuwa na uhakika nayo, na nimeipoteza ndani ya nusu saa.

Nilianzia kwa Lene Hau, mwanafizikia kutoka Denmark anayefanya kazi Marekani. Mwaka 1999 yeye na wenzake walipitisha mwanga kwenye wingu la atomi za sodiamu zilizopozwa mno, mwanga ukapunguza mwendo hadi mita 17 kwa sekunde. Hiyo ni kilomita 61 kwa saa, mwendo wa daladala barabara ya Nyegezi ikiwa nyeupe. Mwaka 2001 waliusimamisha kabisa, kisha wakauachia uendelee. Hilo ni kweli, halina chumvi yangu. Nikasema: kama mwanga unaweza kusimama, basi Ziwa Victoria nalo lina mahali pa kuusimamisha. Ziwa lina tabaka, maji ya vuguvugu juu na ya baridi chini, na pale yanapokutana pana mpaka. Mwanga wa karabai ushuke, ushikwe mpakani, uje utoke baada ya miaka.

Nikampelekea Mwalimu. Ni mwalimu mstaafu wa fizikia, jirani yetu, na ndiye mshauri wa mradi ingawa hataki jina lake liwemo.

"Shikamoo Mwalimu."

"Marahaba. Leta hiyo karatasi." Akasoma akiwa amesimama. "Tabaka hizi unajua zinadumu muda gani?"

Nilikuwa sijui. Akaniambia pepo za Juni na Julai zinapopoza uso wa ziwa na kulisukuma, tabaka zinavunjika, maji ya juu na ya chini yanachanganyika. Kila mwaka. "Sasa mwanga wako wa miaka ishirini umelala wapi wakati huo?"

Kisha akaniuliza kama nimewahi kuchota maji ya ghuba kwa glasi na kuangalia jinsi yalivyo ya kijani. Mwanga wa taa hauwezi kufika huko chini hata ukitaka. Ili niuvushe ningehitaji uongo wa pili, na wa tatu. Nimefuta.

5 Aprili

Hewa. Mwalimu mwenyewe ndiye aliyeleta wazo hili, amekuja nalo asubuhi kabla sijanywa chai.

Mtu aliyekaa mtumbwini, jicho lake likiwa mita 2 juu ya maji, anaona hadi kama kilomita 5 tu, kwa sababu dunia imejikunja. Lakini hewa iliyogusana na maji ikiwa ya baridi kuliko iliyo juu yake, mwanga unapinda kuelekea chini na kufuata mkunjo wa ziwa. Taa iliyo mbali, iliyojificha nyuma ya upeo, inanyanyuliwa na kuonekana inaelea. Hakuna uongo hata mmoja humo.

Ndiyo shida yake. Taa hiyo ni ya mtumbwi mwingine, ya usiku huohuo, mwenye nayo yuko hai na anavua. Tena ingekuwa nyeupe kama nyingine.

Sijaitupa. Nimempa kijana wa mtumbwini aitaje katika kipindi cha kwanza, alivyofundishwa sekondari, na nahodha amjibu kwa upole: "Mwanangu, hiyo nimeiona mara nyingi. Hii siyo hiyo." Mtu anayeujua upindaji wa mwanga kwa macho yake, halafu akasema hii siyo, ana uzito kuliko asiyejua.

27 Aprili

Tumepata. Naandika usiku huu, nikilala nitasahau namna lilivyokuja.

Nilikuwa Kamanga, kwenye gati la kivuko, namsubiri mwenzetu wa sauti anayetokea Sengerema. Mbele yangu Jiwe la Bismarck limekaa majini kama lilivyokaa tangu kabla Mjerumani hajafika kulipa jina. Nimepita hapo maisha yangu yote. Miezi miwili nimetafuta kitu kinachoweza kushika mwanga kwa miaka bila kuvunjwa na upepo, na mji mzima umejengwa juu yake, umekiegemea, umeanika nguo juu yake. Mawe! Graniti hii ina umri wa zaidi ya miaka bilioni 2.5. Na zile chembe za kama kioo ndani yake ni madini yaitwayo kwatsi.

Nikaenda kwa Mwalimu moja kwa moja, mgeni wangu nikamwomba radhi kwa simu. Mwalimu aliniacha nimalize, akavua miwani, akasema polepole: "Kijana, kwatsi inashika kweli."

Nilidhani ananitania. Akaeleza, nami naandika nilivyoelewa. Udongo na mawe yana mionzi hafifu ya asili, kutoka kwenye urani, thori na potasi. Mionzi hiyo inasukuma elektroni ndani ya chembe ya kwatsi, na baadhi zinanaswa kwenye kasoro za fuwele, kama dagaa kwenye wavu. Zinaweza kukaa humo maelfu ya miaka. Ukiipasha chembe hiyo moto, elektroni zinaachiwa, na zinaporudi mahali pake zinatoa mwanga hafifu unaopimwa kwa mitambo. Waakiolojia hutumia njia hiyo kujua umri wa chungu. Siku chungu kilipochomwa, vyote vilivyonaswa viliachiwa, hesabu ikaanza upya. Kwa hiyo mwanga unaotoka leo ni wa tangu siku ile ya tanuri.

Nimekaa na jambo hili mpaka sasa. Mwanamke aliyechoma chungu miaka elfu mbili iliyopita, na moto wake ndio kituo cha kuanzia.

Jua nalo lina nguvu ya kufuta. Mchanga uliokaa juani umeshaachia wote. Kwa hiyo uso wa jiwe haufai kwa kisa chetu. Unahitajika ufa, mahali ambapo jua halijawahi kuingia, lakini taa iliyo usawa wa maji inaweza kuingiza mwanga wake. Nyufa za namna hiyo kwenye mawe yaliyosimama majini ziko tele, mtoto yeyote wa Mwanza amejificha mojawapo.

Na uongo wetu mmoja, tulioukubaliana saa nne usiku, ni huu:

Kwatsi isiyofikiwa na jua hupokea mwanga wa taa na kuushika kama ulivyoingia. Ikipata joto, huuachia urudi njia uliyojia.

Katika dunia halisi mwanga wa karabai haujazi kwatsi, na kinachotoka hakikumbuki kilipotoka. Hapo ndipo tulipobuni, wala si kwingine. Jina la tabia hiyo ni *ukawio*, kutokana na kukawia. Mwalimu alitaka neno zito zaidi. Nilimkumbusha maandishi yale ya nyuma ya mabasi, KAWIA UFIKE, akanyamaza, akaliandika mwenyewe juu ya karatasi.

21 Mei

Leo hatukurekodi.

Siku kama ya leo mwaka 1996, MV Bukoba ilizama ikiwa imekaribia Mwanza ikitokea Bukoba, na mamia ya watu wakafa. Wengi wamezikwa Igoma. Wiki iliyopita mwenzetu mmoja alishauri taa ya nane iwe ya meli ile, kwa sababu kila msikilizaji ataelewa mara moja. Alisema kwa nia njema. Nilimwambia hapana, na nataka sababu ibaki kwenye shajara.

Wale watu wana majina. Wana watoto wanaopanda daladala na sisi. Siwezi kuwachukua wafu wa nyumba ya mtu nikawawekea sheria za fizikia nilizozitunga mimi, halafu nikarusha hewani saa mbili usiku wakati mama yao anakula. Ndivyo ilivyo pia kwa MV Nyerere ya Septemba 2018 kule Ukara. Mzuka wetu ni wa mvuvi mmoja wa kubuni, kwenye mwalo wa kubuni ambao hata jina sikuupa.

Alielewa. Tulikwenda Igoma wote wanne.

8 Juni

Mwalimu ameniharibia kurasa 41, na ninamshukuru.

Katika rasimu yangu mke wa mvuvi, ambaye humu anaitwa Mama tu, anakaa ufukweni kila usiku wa giza akiitazama taa ya nane. Vipindi vitatu vimejengwa juu ya mwamba alioukalia. Mwalimu alisoma, akachora jiwe, akachora ufa, akachora taa mbele ya ufa. Akachora mshale unaoingia.

"Ulisema unarudi njia uliyojia."

"Ndiyo, Mwalimu."

"Taa ilikuwa upande gani wa ufa?"

"Upande wa ziwani."

Akachora mshale wa pili, kutoka ndani ya ufa kwenda ziwani, ukapita pale taa ilipokuwa, ukaendelea majini hadi mwisho wa karatasi. Hakuongeza neno.

Mwanga uliotoka ziwani unarudi ziwani. Aliye nchi kavu, nyuma ya jiwe, hauoni kamwe. Mama angekaa pale miaka thelathini akitazama giza tupu, huku mumewe anawaka mita chache mbele yake, ameelekezwa upande mwingine.

Niliomba tutafute njia ya kukwepa. Nikasema labda mwanga utawanyike kidogo. Mwalimu akaonyesha chaki ya juu ya mlango. Kisha akanieleza hologramu, ile picha inayometa kwenye kadi za benki, ambayo msingi wake uliwekwa na Dennis Gabor, akapewa Tuzo ya Nobel mwaka 1971. Hologramu haihifadhi picha peke yake, inahifadhi na namna mwanga ulivyosafiri, kwa hiyo mwanga ukitoka unajenga kitu mahali kilipokuwa. Ukisimama kwenye mstari wake unakiona kimesimama hewani. Ukitoka kwenye mstari, hakuna kitu. Jiwe letu linafanya hivyohivyo. Mwanga unatoka ufani, unakutana pale taa iliponing'inia, kisha unatawanyika kuelekea ziwani kana kwamba taa bado ipo. Aliye mbali majini anaona taa. Akiikaribia na kuipita, mwanga unakuwa nyuma ya kisogo chake. Ndiyo maana wakifika haipo! Nilikuwa nimeandika hivyo tangu Machi bila kujua kwa nini.

Na dagaa hawaisogelei kwa sababu mwanga wenyewe ni hafifu na unapita juu ya maji, hauzami.

Kwa hiyo taa ya nane wanaiona wavuvi tu. Mama ili aione lazima apande mtumbwi. Na Mama wangu, tangu mumewe asirudi, hajaweka mguu mtumbwini. Mchezo mzima umegeuka. Hapo awali alikuwa anangoja. Sasa anatakiwa kwenda.

Kurasa 41 nimeziweka chini ya godoro. Sitazichoma.

15 Juni

Kazi ya mikono. Mvua ya mablanketi: mawili yameanguka katikati ya kurekodi, tumepigilia misumari upya. Kipindi cha kwanza kimekamilika, dakika 21, nitakata moja.

Tatizo ambalo tulilijua na hatukulisema: tunafanya mchezo wa redio kuhusu kitu kinachoonekana. Mwenzetu wa sauti anataka mlio wa karabai. Karabai ikiwaka inavuma, *shhhhh*, mvuke wa mafuta ukisukumwa kwa mgandamizo, na kila mtu wa umri fulani anaujua mlio ule hata usingizini. Anasema tukiusikilizisha, msikilizaji ataona.

Nimekataa. Ukawio unashika mwanga, hausemi lolote juu ya sauti. Taa ya nane iko kimya. Tutaifanya ionekane kwa hesabu: nahodha anahesabu moja hadi saba kwa sauti ya kazi, halafu anasita, halafu "nane" inatoka ndogo. Tumejaribu mara kumi na moja. Ile ya tisa ndiyo nzuri.

29 Juni

Nilikwenda kumsomea shangazi.

Nilipaswa kwenda tangu Machi. Mumewe alitoka usiku wa giza nikiwa darasa la nne. Mtumbwi ulipatikana, yeye hakupatikana. Sikuandika habari zake, lakini nisingeandika habari hizi bila yeye, na nilitaka anikataze kama ataona vema kunikataza.

Nilimkuta anachambua dagaa kwenye ungo. Nikasoma vipindi vitatu. Hakuinua macho, mikono iliendelea kutoa vijiwe. Nilipomaliza akasema:

"Huyu mama yako analia sana."

"Samahani, shangazi."

"Usiku hatukulia. Usiku tulilala, ni kazi ya kila siku, utalia kila siku? Asubuhi ndiyo tulikwenda mwaloni na ndoo, tukahesabu mitumbwi. Na mtumbwi mmoja ukipungua hulii, unahesabu tena."

Akaniambia pia kwamba kutoka ufukweni taa zilikuwa nyingi kama mji, hakuna mke aliyejua ipi ya mumewe. Nikafuta papo hapo ukurasa ambao Mama anaitambua. Kisha, akiwa ameshaanza ungo wa pili, akataja kitu nilichokuwa sikijui. Mwalo waliokuwapo ulikuwa na mawe mabaya mlangoni, na wavuvi wa tajiri wao walikuwa na mazoea ya kuacha karabai moja imening'inizwa kwenye jiwe la nje, iwaonyeshe njia alfajiri. "Hiyo haikuhesabiwa na taa za kuvulia. Ilikuwa ya kurudia."

Taa ya kurudia. Mimi niliandika nane kwa sababu inafuata saba tu. Sasa ninajua ni taa gani, ni kwa nini ilikaa mahali pamoja usiku baada ya usiku hadi jiwe likajaa, na ni kwa nini iko upande wa nchi kavu. Nimemwomba ruhusa ya kuitumia. Akasema taa ilikuwa ya tajiri, siyo yake.

Lazima niandike na jambo la daraja. Wakwe zake wako Sengerema. Miaka yote hiyo njia ilikuwa ya kivuko, na shangazi hakupanda. Misiba miwili ya upande ule alituma mchango akabaki nyumbani, na watu walisema maneno. Daraja la Kigongo na Busisi, kilomita 3 hivi juu ya maji, lilipofunguliwa mwaka 2025, alikwenda. Alifumba macho kuanzia mwanzo wa daraja hadi mwisho, konda akadhani ni mgonjwa. Alinisimulia akiwa anacheka, na mimi nilishindwa kucheka.

Mwishoni akauliza: "Atapanda mtumbwi?"

"Ndiyo, shangazi. Kipindi cha sita."

Akapepeta ungo mara mbili tatu.

"Basi asipande peke yake."

20 Julai

Joto. Hiki ndicho kipande cha mwisho cha fizikia, tumekifanya na Mwalimu kwa penseli na subira.

Saa nane mchana uso wa jiwe unawaka, huwezi kukanyaga. Joto hilo linazama ndani polepole, likipungua kila sentimita. Kwa hesabu yetu, paa la ufa likiwa na unene wa nusu mita, wimbi la joto la saa nane mchana linafika ndani yapata saa sita na nusu usiku, limebaki dogo sana, lakini lipo. Kwa hiyo taa ya nane haiwaki jioni wala alfajiri. Inawaka usiku wa manane, hasa miezi hii ya kiangazi ambapo mawingu ni machache na jua linakaa juu ya mawe kutwa. Nahodha alisema hivyohivyo katika ukurasa wa kwanza kabisa. Sijui niseme nini juu ya hilo zaidi ya kwamba nilifurahi.

Lakini jiwe ni kibubu. Karabai ya kurudia haikuwashwa tena baada ya mumewe Mama kupotea, hakuna kinachoingia, na kila usiku wa joto kinatoka kidogo. Niliuliza kama watu wakija wengi kuitazama itakwisha upesi. Nilitarajia ndiyo, nilikuwa tayari na tukio la kijiji kizima kujaa mitumbwini na Mama akiwakemea. Mwalimu akasema hapana. Mwanga uliofika kwenye jicho lako usingefika kwenye jicho la mwingine kwa namna yoyote, kwa hiyo humpunguzii mtu. Kinachoumaliza ni joto peke yake, awepo mtazamaji, asiwepo.

Nikafikiria siku za mbalamwezi. Wavuvi wako nyumbani, ziwa ni tupu, jiwe linapata joto lake kama kawaida na kuachia. Karibu nusu ya mwanga wote umetoka hivyo, ukaenda juu ya maji kuelekea Ukerewe, na hapakuwa na mtu.

Hilo Mama ataambiwa katika kipindi cha tano, na atakayemwambia ni nahodha, kwa maneno machache kuliko niliyotumia hapa. Nimempunguzia hadi sentensi mbili. Kwa agizo la shangazi, kipindi cha sita wanakuwa mtumbwini watatu: Mama, nahodha na yule kijana wa sekondari.

3 Agosti

Vipindi vitano vimekamilika. Cha sita kimebaki tukio moja.

Wanaiona. Mama anahesabu mwenyewe. Hasemi kitu baada ya nane. Wanaipita, inapotea, wanafika kwenye jiwe, na Mama anatoa karabai aliyokuja nayo chini ya khanga, anaitundika pale penye msumari wa zamani, anaiwasha. Karabai hii ni ya usiku huu, ya mtu aliye hai, kwa hiyo ina haki ya kuvuma. Mwenzetu wa sauti amengoja miezi miwili. Tutamsikiliza kwa muda wote anaotaka.

9 Agosti

Karabai tumeipata Makoroboi, mahali panapostahili kwa jina lake. Ilikuwa na kutu, pampu haishiki. Fundi alikata wosha mpya ya ngozi kutoka kiatu kilichochakaa, akaipaka mafuta, ikashika. Utambi ulikuwa kazi. Ule wa kwanza ulivunjika njiani. Ukishaungua unabaki jivu jeupe lenye umbo tu, daladala moja ikiruka tuta umekwisha. Tumenunua mitatu.

Chumbani hakuna aliyejua kuiwasha vizuri, mimi nikiwa wa kwanza. Nilimpigia shangazi. Alikuja Igogo na khanga mbili, akatuambia tuondoe mablanketi yaliyo karibu, akaweka spiriti, akaingoja ipate moto, kisha akapampu. Alihesabu kimoyomoyo, midomo inacheza. Ikawaka kwa mwali mkubwa uliotufanya turudi nyuma wote, ikatulia, ikaanza kuvuma.

Tulirekodi dakika 14. Hakuna aliyekohoa. Mwalimu alisimama mlangoni chini ya chaki yake.

Shangazi ndiye aliyeizima. Karabai haikatiki ghafla. Unafungua skrubu ya hewa, mgandamizo unatoka, mvumo unashuka, unakuwa mwembamba, mwanga unageuka mwekundu kwenye utambi, na bado kuna sauti. Kwenye simu yangu inaonyesha sekunde 47 tangu alipofungua mpaka kimya. Mwenzetu aliuliza akate wapi. Nimeiacha yote.